Mwongozo wa Kijana wa Nakuru Atakaye Kuchekesha katika Televisheni na Filamu

Katika kazi zote za sanaa hakuna inayodharauliwa kwa wepesi kama ile ya kuchekesha, kwa kuwa ikitendwa kwa ustadi kamili haionekani kuwa ni kazi. Mtazamaji aliyejinyoosha sebuleni kwake Lanet au Kaptembwa humwona mtu katika televisheni akibisha mlango usio wake, akiamkia asiyestahili kuamkiwa, akinyamaza pale alipotarajiwa kunena, naye hucheka mpaka akajifuta machozi, asijue kwamba mlango ule ulibishwa mara saba mbele ya kamera, na kwamba kimya kile kilichomvunja mbavu kilipimwa kama mshonaji apimavyo kanzu. Kijana wa Nakuru, wa Njoro, wa Molo au wa Naivasha aitamaniye kazi hii ana haki ya kuelezwa kinagaubaga namna inavyofundishika, namna inavyolipa, na namna inavyoweza kumtupa mtu baada ya kumtumia.

Rai yangu ni moja, na yote yafuatayo ni sherehe yake: mchekeshaji hupata nafasi kwa sikio lake, na huidumisha nafasi hiyo kwa daftari lake. Mwenye sikio asiyekuwa na daftari hufa maskini akiwa na jina kubwa. Na mwenye daftari asiyekuwa na sikio aghalabu hapati hata cha kuandika ndani yake.

Wajue waliotangulia

Anza kwa kuwajua waliokutangulia, si kwa nia ya kuwaiga, bali ili usije ukadhani umevumbua lile ambalo wazee walilichoka zamani. Televisheni ilianza nchini Kenya mwaka 1962, na katika shirika la utangazaji la serikali, lililojulikana kwa miaka mingi kwa jina la Sauti ya Kenya kabla ya kuitwa KBC mwaka 1989, ndimo vilimokulia vichekesho vya Kiswahili vilivyowalea wazazi wako, yaani Vitimbi na Vioja Mahakamani. Benson Wanjau, aliyefariki mwezi wa Julai 2015, alikuwa Mkikuyu kwa nasaba. Lakini Mzee Ojwang' aliyemwigiza, mume wa Mama Kayai, alikuwa Mjaluo kwa lafudhi, kwa majivuno na kwa ghadhabu, hata watazamaji wengi wakaishi na kuzeeka wakiamini kwamba ndivyo alivyozaliwa.

Tafuta vipindi vyake vya kale, uvitazame kwa namna mbili. Kwanza izime sauti kabisa, uangalie mwili peke yake: kofia, fimbo, bega linavyopanda kabla ya maneno ya hasira kutoka. Kisha irudishe sauti, ufumbe macho, usikilize mahali anapovuta pumzi na mahali anapolikata neno kabla halijakwisha. Utaona kwamba mwili na sauti havikusema jambo moja kwa wakati mmoja. Kimoja kilitangulia na kingine kikafuata, na kicheko kikazaliwa katika nafasi iliyopo baina yao.

Katika Vioja Mahakamani lipo somo jingine. Mshtakiwa huropoka, shahidi hujipinga mwenyewe, lakini mahakama hubaki mahakama: hakimu hana ruhusa ya kucheka, na laiti angecheka, kioja kingekuwa porojo tu. Kadhalika katika kipindi cha Papa Shirandula, kilichoanza katika televisheni ya Citizen mwaka 2007, marehemu Charles Bukeko aliigiza mlinzi wa lango anayemficha mkewe kazi yake halisi, na hakumwigiza mlinzi huyo kama kichekesho, bali kama mtu mwenye heshima kubwa aliye katika hatari ya kuipoteza. Shika kanuni hiyo: mhusika hajui kwamba anachekesha. Akijua, mchezo umekwisha.

Namna ya kulifundisha sikio

Yapo mambo ambayo mwenyeji wa Nakuru amerithi bila kuyatolea jasho. Mji huu ulizaliwa na reli iliyofika hapa mwaka 1900, ukawa soko la mashamba ya walowezi, ukawavuta vibarua, makarani, wachuuzi na askari kutoka kila upande wa nchi. Na hata leo, baada ya kupewa hati ya kuwa jiji tarehe 1 Desemba 2021, mtu aweza kutembea kutoka mitaa ya kale ya Bondeni mpaka Wakulima Market na kusikia Kikikuyu, Kikalenjin, Kijaluo, Kiluhya, Kikisii na Kiswahili cha kila rangi kabla jasho halijamkauka. Mwigizaji wa miji mingine huzitafuta lafudhi hizi kwa kunakili wenzake waliozinakili kwa wengine. Wewe unazo mlangoni pako.

Lakini usianze na lafudhi. Hili ndilo kosa la wanafunzi karibu wote, kwamba humsikia mtu akitamka herufi moja mahali pa nyingine wakadhani wamempata mhusika. Nenda stendi ya matatu asubuhi, uketi na kidaftari, na kwa kila mtu umtazamaye andika mambo matatu kabla ya kuandika namna asemavyo: anataka nini saa hii, nini kinamzuia, na ni aibu gani anayoificha. Makanga anayepiga kelele kwamba gari limebakisha abiria mmoja, na ndani wameketi wanne tu, anataka kuondoka kabla ya mwenzake, anazuiwa na viti vitupu, na anaficha kwamba yeye mwenyewe haliamini neno lake. Ukishaandika hayo, lafudhi yake itakuja yenyewe, nayo itakuwa na kazi ya kufanya.

Chukua mfano huu, nikuonyeshe jinsi mchezo unavyojengwa. Mkulima ametoka Molo na viatu vya mpira vyenye udongo mpaka magotini, naye anaingia benki mjini kuomba mkopo. Mlinzi anaitazama sakafu, kisha anavitazama viatu, wala hasemi neno. Mkulima anafahamu, anavivua mlangoni kwa adabu, anavipanga vizuri ukutani, anaingia kwa soksi, na ya kushoto ina tundu linalotoa kidole gumba. Hapo mwigizaji mchanga atataka kukichezesha kidole, kukikodolea macho, na kuwageukia watazamaji ili wacheke. Mwigizaji hodari ataukunja mguu kidogo tu, atanyoosha mgongo zaidi ya alivyounyoosha alipoingia, na atazungumza na karani kuhusu ekari zake za viazi kwa sauti ya mtu ambaye hakuna aibu duniani iliyowahi kumfika. Kadiri anavyozidisha heshima, ndivyo kidole kinavyozidi kuchekesha. Na mtazamaji, japo anacheka, anamwombea apate ule mkopo.

Kuhusu lafudhi za makabila, sikiliza nasaha hii kwa makini kuliko zote, kwa sababu ya mahali unapoishi. Nakuru, Molo na Naivasha ziliona damu baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, na wapo watu katika ukumbi wako waliofukuzwa makwao na jirani aliyewajua kwa namna walivyotamka neno. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 33, inatoa uhuru wa kusema na wa kubuni sanaa, na hapo hapo inauondoa katika uhuru huo uchochezi na matamshi ya chuki. Tena ipo Tume ya Uwiano na Utangamano iliyowekwa kwa sheria ya mwaka 2008. Walakini sheria ni mpaka wa chini. Kipimo cha juu zaidi ni hiki: je, mtu wa kabila lile akiketi safu ya mbele, atamtambua mjomba wake, au atatambua tusi? Mzee Ojwang' alipendwa na Wajaluo wenyewe kwa kuwa walimwona ni mtu kamili, mwenye akili, hila na mapenzi, ambaye lafudhi ilikuwa nguo yake, si dhambi yake.

Na lugha gani uitumie? Kiswahili kitakufikisha Nairobi, Mombasa na hata Dar es Salaam. Kikikuyu kimewalisha wachekeshaji wa Riverwood, yaani tasnia ya filamu za River Road jijini Nairobi, kama vile Kihenjo na Machang'i, waliouza kanda na diski barabarani bila kungoja kituo chochote cha televisheni kiwaite. Na vituo vya lugha za Bonde la Ufa vina kiu ya wachekeshaji wa Kikalenjin. Lugha ya mama si ngazi ya chini, bali ni soko jingine lenye mteja wake. Iliyo hatari ni lugha usiyoimiliki.

Mahali pa kufanyia mazoezi

Usikimbilie kamera kabla hujasimama mbele ya watu walio hai, kwa maana kamera haikuambii kwamba umechosha. Mchekeshaji wa Kenya aghalabu hupitia madarasa haya. La kwanza ni tamasha la drama la shule na vyuo, ambalo kila mwaka hupanda kutoka vituo vya chini hadi fainali za taifa. La pili ni makundi yanayozunguka katika shule za sekondari yakiigiza vitabu teule, kama vile Kigogo cha Pauline Kea hapo awali, au Bembea ya Maisha cha Timothy Arege. Ujira wake ni mdogo na safari ni nyingi, lakini mwenye kuwanyamazisha, kisha kuwachekesha, wanafunzi mia kadhaa walioletwa ukumbini bila hiari baada ya chakula cha mchana, hataogopa hadhira nyingine maishani mwake. La tatu ni ukumbi wa Nakuru Players Theatre, ulioanzishwa na walowezi zama za ukoloni kwa burudani yao wenyewe, na ambao leo wenyeji wameurithi. Nenda ukajitolee hata kupanga viti, maana anayepanga viti ndiye anayejua nani anatafuta mwigizaji. Aliye Chuo Kikuu cha Egerton, Njoro, asipitwe na kundi la maigizo la chuo.

Juu ya tamasha la shule, jua pia kwamba jukwaa halikosi wenye kulichunga. Mwezi wa Aprili 2025, fainali za taifa zilipofanyika hapa Nakuru, wanafunzi wa shule ya Butere Girls, waliokuwa na mchezo wa Echoes of War ulioandikwa na mwanasiasa Cleophas Malala, waliimba wimbo wa taifa katika ukumbi wa Kirobon Girls kisha wakaondoka bila kuigiza, na polisi walikuwa wametumia vitoza machozi. Sikusimulii haya kukutisha. Nakukumbusha kwamba hata Walter Mong'are na wenzake wa kundi la vichekesho la Redykyulass, Tony Njuguna na John Kiarie, walimwiga Rais Moi, mwenyeji wa Kabarak hapo jirani, angali Ikulu, jambo ambalo miaka michache kabla yake mtu asingethubutu kulifanya hadharani. Na walichokiiga kilikuwa mazoea ya mamlaka, yaani sauti, mkono na kimya cha mkubwa, ambayo mtazamaji aliyajua kabla ya wao kufungua kinywa.

Simu yako nayo ni darasa. Rekodi mchezo wa dakika moja kila juma, uwaonyeshe watu ambao si rafiki zako, na utazame nyuso zao, si maoni wanayokuandikia.

Adabu za mbele ya kamera

Aliyezoea jukwaa hupata mshtuko siku ya kwanza ya kurekodi, kwa kuwa hakuna anayecheka. Mafundi wa sauti, wa taa na wa kamera wamekatazwa kutoa hata mguno, maana kicheko chao kitaharibu rekodi. Na mchezo uliowavunja watu mbavu Nakuru sasa unaangukia kimya kama cha msibani. Usiongeze nguvu. Aliyezoea kulishwa na kicheko hukizidishia kimya hicho ishara na kelele, na baadaye katika kioo cha televisheni huonekana ni mwendawazimu. Amini kipimo ulichokifanyia mazoezi.

Yako mengine ya kukumbuka. Kamera iliyo karibu huona kope. Punguza uso, bakiza fikra. Kama umeinua kikombe kwa mkono wa kulia ukisema neno fulani, ukiinue kwa mkono ule ule kwa neno lile lile kila tukio linaporudiwa, la sivyo mhariri hataweza kuviunganisha vipande, na ataitupa sehemu yako bora. Mwenzako anapokuwa ndiye mwenye maneno, kazi yako ni kumsikiliza kwa dhati, kwa sababu nusu ya vicheko vya televisheni hutoka katika uso wa msikilizaji. Baada ya neno la kuchekesha, acha pumzi moja kabla ya kujibu, mhariri apate mahali pa kukata. Na mswada ujifunze kama ulivyoandikwa kwanza. Ukiwa na ziada yako, mwombe mwelekezi baada ya kumpa yake.

Ukirekodi mwenyewe kazi ya biashara, pata kibali cha kupiga filamu kwa mujibu wa Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, pamoja na idhini ya mwenye mahali. Wengi hulipuuza jambo hili mpaka siku askari wa kaunti wanapowakuta na kamera katikati ya barabara.

Kwenda Nairobi, na lini

Nairobi iko kilomita mia na sitini hivi kutoka Nakuru, umbali ambao kwa matatu ni wa asubuhi moja. Faida yake ni kwamba unaweza kwenda katika usaili na kurudi kulala kwenu, bila kulipa kodi ya chumba cha mjini kabla hujapata hata mstari mmoja wa kusema. Filamu ya Nairobi Half Life ya mwaka 2012, iliyoelekezwa na David Gitonga, inamsimulia kijana wa mashambani anayetoa fedha zake kwa mtu aliyemwahidi nafasi ya kuigiza, kisha akaenda mjini bila mwenyeji wa kutegemewa, yakampata yaliyompata. Ichukue kuwa ni nasaha: usilipe fedha ili upewe nafasi. Kampuni ya halali hukulipa wewe. Ikikutaka ulipe usajili, sare au bima kabla ya usaili, geuza njia.

Katika usaili fika mapema, umejifunza maneno yako, umevaa nguo isiyo na maandishi, na usianze kwa kuomba radhi. Wala usidharau nafasi ya mtumishi, ya mlinzi au ya makanga, ukingoja ya bwana mkubwa. Nyce Wanjeri aliigiza Shiru, mtumishi wa nyumbani katika kipindi cha Auntie Boss, na kwa nafasi hiyo akapata mwaka 2018, katika tuzo za filamu na televisheni za Afrika ziitwazo AMVCA, tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika vichekesho, katika shindano lililowakusanya waigizaji wa bara zima.

Daftari

Nimefika sasa katika lile ambalo wenye vipaji hawapendi kulisikia. Kabla ya kutia sahihi, hakikisha mkataba unajibu maswali haya kwa maandishi: unalipwa kwa siku, kwa kipindi au kwa msimu, unalipwa lini, kipindi kikirudiwa, kikiuzwa kwa kituo kingine au kikiwekwa katika intaneti, una fungu gani, na jina la mhusika ni mali ya nani. Hilo la mwisho si la kuchezewa. Kundi la Ze Comedy la Tanzania, lililokuwa na Joti, Masanja na Mpoki, lilipata umaarufu wake katika kituo cha EATV; lilipohamia televisheni ya taifa, jina likabaki nyuma, na vijana wale wale, kwa nyuso zile zile, wakalazimika kujiita Orijino Komedi. Ikiwa mhusika umembuni wewe kabla ya kampuni kukujua, weka ushahidi wa tarehe, umsajili katika Bodi ya Hakimiliki, na uandikishe jina kuwa alama yako ya biashara.

Amri Athumani wa Tanga, ambaye Afrika Mashariki nzima ilimjua kwa jina la King Majuto, alifariki mwezi wa Agosti 2018 akiwa amecheza filamu nyingi mno. Na mwaka ule ule suala la mikataba yake lilikuwa limefika serikalini, waziri akaunda kamati ya kuipitia mikataba ya wasanii. Kamati ya waziri ni dawa inayomfikia mgonjwa akiwa hoi. Wewe umtafute wakili kabla ya sahihi, hata kama ada yake itakula sehemu ya malipo yako ya kwanza, na ujiunge na PRISK, chama kinachokusanya haki za watendaji.

Katika daftari hilo andika kila kazi, tarehe yake, aliyekuajiri, ulichoahidiwa na ulichopokea. Pata namba ya kodi, kwa maana anayekulipa kwa ustadi wako hukata asilimia 5 na kuipeleka serikalini kwa jina lako. Mdai hati yake, ili usitozwe tena mwisho wa mwaka kana kwamba hukulipa kitu.

Kuhusu akiba, mkumbuke tena Mzee Ojwang'. Mtu aliyekuwa akijulikana karibu kila nyumba yenye televisheni alizidiwa na maradhi ya macho uzeeni, na Wakenya wakachangishana fedha ili atibiwe. Mchango ule ulikuwa ushahidi wa mapenzi. Lakini ulikuwa pia ushahidi kwamba umaarufu haukuwekewa pensheni. Mwigizaji si mwajiriwa wa kudumu, hivyo hakuna atakayekukatia fedha za uzeeni: jiandikishe mwenyewe NSSF kwa mchango wa hiari, ulipe bima ya afya ya SHA hata katika miezi isiyokuwa na kazi, na uwe na riziki nyingine, iwe ni kuongoza harusi, kufundisha drama shuleni au kulima viazi. Tena usiache mhusika mmoja akumeze. Kila baada ya miaka miwili au mitatu kubali nafasi isiyofanana naye, hata ya malipo madogo, ili siku kipindi kitakapofungwa watu wawe wamekwisha kukuona na uso mwingine.

Ukifuata haya, pengine itafika siku ambayo wewe ndiye mwenye kipindi, na vijana kutoka Rhonda na Free Area wanasimama kwenye mstari wakingoja usaili wako. Siku hiyo wape mkataba wa maandishi walioruhusiwa kwenda nao nyumbani kuusoma, waandike majina yao mwishoni mwa filamu bila kukosea herufi, na aliyesimama nyuma ya mhusika mkuu kutwa nzima bila kusema neno, mlipe siku hiyo hiyo kabla hajapanda matatu.